Gumba

Sista Khainza alinifunza kusoma mshipa
siku ya soko, Kapchorwa, mvua ikipiga mabati
hata tukasemezana kwa nyusi.
Alinishika mkono, akakunja gumba langu kiganjani
kama anayemfungia kuku mlango.
"Hili liache. Lina mshipa wake, nalo ni sogora:
utahesabu moyo wako, uandike jina la mgonjwa."

Vidole vitatu basi, upande wa gumba lake,
pale mkono unapoanza kuwa kifundo.
Usikandamize, utanyamaza.
Usipapase, utakukimbia.
Ukiupata, tazama saa iliyoning'inia kifuani kichwa chini,
uhesabu dakika nzima.
Wavivu huhesabu nusu, wakazidisha kwa mbili;
na kosa nalo wanalizidisha kwa mbili.

Kichanga hana shingo ya kushika.
Mtafute ndani ya mkono, juu ya kiwiko:
mia moja na arobaini, naye kalala fofofo.
Usishtuke. Ndiyo kwanza anafika.

Mangusho alikuja na kidonda cha msumari.
Nikahesabu arobaini na moja. Nikarudia. Arobaini na mbili.
Nikatimka: "Sista, huyu anatutoka!"
Alicheka hadi akashika meza.
"Huyu huupanda mlima mbio kila alfajiri, uji haujachemka.
Moyo wake haupayuki.
Neno lake moja ni mawili yako."

Wa Mzee Satya ulitoka kama mbuzi zizini:
mmoja, wawili, kimya,
watatu kwa kusukumana,
kimya, mmoja.
Tulimhesabu wawili kwa saa moja,
Sista kifuani na stethoskopu, mimi mkononi.
Yeye mia moja na kumi na nane. Mimi tisini na mbili.
"Ishirini na sita yamepotelea njiani," akasema,
"moyo umetuma, mkono haukupokea."
Mzee akafumbua jicho: "Nani kayaiba?"

Na kuna ule ambao hakunichorea ubaoni.

Mama Chesang alijifungua saa saba usiku.
Mtoto alilia vizuri. Damu haikukoma.
Barabara ya Mbale ilikuwa imekatwa na matope,
gari la wagonjwa likiunguruma upande wa pili.
Tulikanda tumbo, tulitundika maji, chupa juu ya chupa.
Mia moja na ishirini, bado kamba.
Mia moja na arobaini, uzi.
Kisha unywele, kisha sikujua nimeshika nini.
Mkono ukikata habari, uliza shingoni;
shingo ikisita, uliza kinena.
Sista akatoka kupiga simu kwenye kilima chenye mtandao.

Nikabaki. Taa ya sola ilikuwa imechoka.
Nikamshika mkono wote, kama unavyomshika mtu,
na mara nikaupata: mzito, wa haraka, wazi kabisa.
"Upo!" nikamwambia mama mkwe. "Upo, umerudi!"
Akaniombea heri kwa Kisabiny,
akaenda nyuma kuwasha moto wa uji wa mzazi.

Sista aliporudi hakusema neno.
Alikifungua kiganja changu, kidole kimoja kimoja,
na cha mwisho kilikuwa gumba.

Siku hizi tuna kile kidude cha kubana kidoleni.
Kinawaka nambari nyekundu,
kinashindwa na hina, kinashindwa na vidole vya baridi,
betri zake huagizwa mjini.
Wanafunzi wanakipenda.
Nawaacha wakipende. Kisha nawakunja magumba.
Huniuliza kwa nini nabana kwa nguvu vile.

Chati ya usiku ule ninayo, imekunjwa mara nne.
Saa kumi na moja na robo, kwa wino wa bluu,
mwandiko wa msichana mwenye furaha:
mia moja na kumi na mbili.
Hesabu ni sahihi.
Jina ndilo si lake.

Uji uliiva. Kulikuwa kumekucha.
Hakuna aliyejua amwambie nani asiumimine.